Kilo moja ya mwani ni mafundo mangapi?

Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nizungumzie bei ya mwani wa Zanzibar, na hasa namna tunavyoizungumza. Bei ikipanda shilingi 50 au 100, habari huandikwa kwamba akina mama wa mwani wamenufaika. Bei hiyo ni ya kilo ya mwani mkavu uliokwishafika kwenye mizani ya ghala. Kazi iliyoizaa kilo hiyo haiandikwi popote, na kwa kuwa haiandikwi, hakuna anayeulizwa kama bei imeilipa. Wakulima wa mwani Unguja na Pemba ni zaidi ya 20,000, na takriban 8 katika kila 10 ni wanawake. Hesabu yao inastahili kufanywa hadharani.

Tuanze na kamba moja. Tangu mwani ulipoanza kulimwa kibiashara Paje na Jambiani mwaka 1989, kwa mbegu iliyotoka Ufilipino, njia ya shambani haijabadilika sana. Unapigilia mambo mawili, yaani vigingi, mchangani, unavuta kamba baina yake, unafunga mbegu kwa taitai, zile nyuzi fupi za plastiki. Tuchukue kamba ya mita 4 yenye mbegu kila baada ya sentimita 20. Hizo ni mbegu 20, yaani mafundo 20. Kila mbegu ikiwa na gramu 100, kamba nzima imebeba kilo 2 za mbegu mbichi.

Mwani wenye afya unaweza kuongezeka kiasi cha asilimia 4 kwa siku. Ukiuacha wiki 6, kila gramu 100 zinakuwa zaidi kidogo ya gramu 500, na kamba inabeba kilo 10 na ushei. Toa kilo 2 za kurudisha kuwa mbegu, zinabaki kilo 8 na kitu. Kilo 7 hadi 8 za mwani mbichi ndizo hutoa kilo 1 kavu. Basi kamba moja, kwa wiki 6, katika msimu mzuri, ni kilo 1. Kwa maneno mengine kilo moja ni mafundo 20.

Tutumie shilingi 700 kwa kilo ya spinosamu, aina ya mwani ya bei ya chini ambayo wengi Unguja wanailima, ili hesabu ieleweke. Msomaji anaweza kuweka bei ya kijiji chake. Fundo moja linalipwa shilingi 35. Ndani ya hizo 35 mna kukata mbegu, kulifunga fundo, kuipeleka kamba shambani, kuikung'uta uchafu kila bamvua (siku ambazo maji hupwa sana), kuifungua, kubeba mwani mbichi hadi pwani na kuuanika siku 3. Mwenye kamba 300 amefunga mafundo 6,000 na amebeba zaidi ya tani 2 za mwani unaochuruzika maji, akapata shilingi 210,000 kwa wiki 6 ikiwa hakuna kilichoharibika. Kwa polo, yaani gunia, la kilo 40 la mwani mbichi, hiyo ni mizigo zaidi ya 60 kichwani.

Fundo lenyewe lina ufundi wake. Likikazwa sana linakata shina na mwani unaanguka mwenyewe baada ya siku chache. Likilegea, wimbi la kusi linaondoka nao. Linalotakiwa ni lile linaloushika mwani ukabaki unacheza kidogo na maji. Mbegu nayo huchaguliwa: ncha changa, ngumu, zenye rangi iliyokolea, wala si masalia ya shina lililozeeka. Wakati wa kufunga, fungu la mbegu hufunikwa gunia lililoroweshwa maji ya bahari, kwani likipigwa jua au likinyeshewa linakuwa limekufa kabla ya kurudi baharini. Anayedhani hii ni kazi isiyo na ujuzi akae chini afunge kamba 5, kisha azitazame baada ya bamvua moja zimebaki na mbegu ngapi.

Muda nao hauchagui mtu. Shamba hufikika vizuri wakati wa bamvua tu, mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, na kila bamvua hutoa siku 5 hadi 7 za kazi. Katika pwani yetu maji ya bamvua hupwa kabisa mnamo saa 4 za asubuhi na kuchelewa kidogo kila siku inayofuata. Mama huingia yakiwa yanatoka na kuondoka yanapoanza kumpanda, muda wa saa 3 hadi 4, jua likielekea utosini na maji yakilirudisha machoni. Macho kuwasha, mgongo, mwiba wa samaki taa aliyejificha mchangani, ngozi kuchubuliwa na chumvi: hayo ni ya kila siku, na viatu vya raba tu vingepunguza majeraha mengi ya miguu. Anayekosa siku 2 za bamvua kwa sababu ya mtoto kulazwa au msiba, anasubiri hadi bamvua nyingine. Kwa hiyo mikutano ya wataalamu na semina za akina mama zinazopangwa asubuhi ya bamvua zina watu wachache, kisha huandikwa kwamba mwamko ni mdogo. Anayepanga mkutano aangalie mwezi kwanza.

Sasa nije kwenye kosa linalotajwa sana na wanunuzi, nalo ni kuvuna mapema. Lawama hiyo ina ukweli. Mwani wa wiki 3 haujajaza karajinani, ule utomvu mzito ambao viwanda vya nje huutoa na kuutia kwenye dawa ya meno, malai, losheni na vyakula vya kopo. Kidogo kilichomo nacho ni dhaifu. Lakini hasara ya kwanza ni ya mkulima mwenyewe. Rudi kwenye kamba yetu: baada ya wiki 3 kila mbegu ina gramu 230 hivi, kamba nzima ina kilo 4 na nusu. Toa kilo 2 za mbegu, zimebaki 2 na nusu, ambazo zikikauka ni kama gramu 320. Vuna mara mbili kwa wiki 6 upate gramu 640, kwa mafundo 40. Aliyesubiri amepata kilo nzima kwa mafundo 20.

Kwa nini basi watu wavune mapema? Kwa sababu mchele unanunuliwa leo. Wiki 6 bila shilingi ni nyingi kwa nyumba isiyo na kipato kingine, na kumwambia mtu avumilie hakumjazi sufuria. Njia ipo, na inatokana na bahari yenyewe. Kutoka bamvua hadi bamvua ni kama wiki 2, kwa hiyo wiki 6 ni bamvua 3. Mwenye kamba 300 azigawe mafungu 3 ya kamba 100, apande fungu moja kila bamvua. Kuanzia wiki ya 6, kila bamvua kuna fungu lililokomaa, kilo 100 hivi, shilingi 70,000 kila wiki 2, na hakuna kilichovunwa kichanga. Pengo ni hizo wiki 6 za mwanzo. Hapo ndipo mkopo mdogo wa kikundi unapohitajika, wa kurejeshwa kwa mafungu kuanzia mavuno ya kwanza. Mikopo mingi inayoletwa vijijini hutaka marejesho kila wiki au kila mwezi tangu mwanzo, na mtu hujikuta anavuna mbegu ili alipe deni.

Deni jingine ni la kamba. Mnunuzi hutoa kamba na taitai, na mkulima anaahidi kumuuzia yeye tu. Kwa asiye na mtaji huo ni msaada, sikatai. Ubaya ni kwamba mara nyingi ahadi hiyo ni ya mdomo. Haijulikani kamba zile zina thamani gani, deni linaisha lini, wala bei itakuwa ngapi siku ya kuvuna. Mwenye kamba za watu hana sauti kwenye mizani. Karatasi moja ingetosha: idadi ya kamba na mafungu ya taitai, thamani yake kwa shilingi, kiasi kitakachokatwa kwa kila kilo hadi deni liishe, na bei ya chini kabisa ambayo mnunuzi atalipa kwa mavuno ya kamba hizo. Isomwe mbele ya sheha, kila upande ubaki na nakala. Wanunuzi watasema bei hupangwa na soko la dunia, na ni kweli kwamba Indonesia na Ufilipino ndizo zenye mwani mwingi wa aina hii na sisi tunafuata. Ila mnunuzi anajua bei aliyokubaliana na kiwanda cha nje kabla meli haijafika. Mkulima ndiye pekee anayepanda bila kujua.

Tukifika kwenye kuanika, hesabu inakuwa ya kushangaza, na huku pesa hupotea pande zote mbili. Mwani wa kusafirishwa unatakiwa ubaki na unyevu wa kama asilimia 35. Polo la kilo 50 lenye unyevu huo lina kilo 32 na nusu za mwani halisi. Mwani ule ule ukiletwa na unyevu wa asilimia 45 ungekuwa na kilo 59. Mnunuzi ana haki ya kuogopa kilo 9 za maji. Lakini ukikaushwa hadi asilimia 25, polo lile lile linashuka hadi kilo 43. Mama aliyeogopa kukatwa kilo akauacha juani siku moja zaidi amepoteza kilo 6 na kitu kwa kila polo, karibu shilingi 4,700, na hakuna anayemwongezea senti kwa ukavu huo. Kwa mapolo 6 ni shilingi 28,000.

Kiganja kinaweza kusaidia. Mwani uliofikia kiwango ukiukamata konzi na kuubana hauachi maji mkononi, unavutika kama mpira, na chumvi imetoka juu yake kama vumbi jeupe. Ukivunjika kama kijiti umepita. Ukinata na kupoa mkononi bado. Ila kiganja cha mama na kiganja cha karani wa ghala havikubaliani kila siku, na karani ndiye mwenye kalamu. Ndiyo maana makato ya macho, "huu mbichi, toa kilo 5", yanapaswa kukoma. Kipimo cha unyevu kiwepo ghalani, namba isomwe kwa sauti, na makato yafuate jedwali lililobandikwa ukutani.

Mahali pa kuanikia ni jambo la gharama ndogo lenye faida kubwa. Kwenye mchanga mwani hubeba mchanga, na mchanga nao unakatwa. Chanja cha miti na nyavu kuukuu, kikiwa juu kiasi cha kiuno, hupitisha upepo chini na juu, na mvua ikija mwani unafunikwa mara moja. Mvua ndiyo adui mkubwa: maji yasiyo na chumvi yakiupiga mwani uliokauka nusu, chumvi na karajinani vinatoka pamoja, unabaki mweupe na mwepesi. Masika, siku 3 za kuanika huwa 5 au zaidi. Chanja kinahitaji nafasi pwani, na huko Paje nafasi hiyo inazidi kubanwa na mahoteli na michezo ya tiara za kupandia mawimbi. Mipango ya ardhi ya ufukweni ingetaja kwa mita eneo la kuanikia mwani, kama inavyotaja barabara.

Kuhusu mizani yenyewe nitasema jambo moja la kivitendo. Mizani inayopunguza kilo 2 kwa kila 50 inakula kilo 12 katika kilo 300, yaani mafundo 240 yaliyofungwa bure. Kuipima si lazima kumsubiri mkaguzi. Katoni ya chupa 12 za maji ya kunywa za lita moja na nusu, ambazo hazijafunguliwa, ina lita 18 za maji, nayo ni kilo 18. Plastiki na karatasi havifiki hata kilo 1. Tundika katoni 2 pamoja: mizani isiyofika 36 ina kasoro, isitumike hadi irekebishwe. Usitumie dumu la maji ya bahari, kwa sababu yana uzito zaidi, karibu nusu kilo katika lita 20, na yatakuficha kosa. Kikundi kifanye hivyo asubuhi ya kila siku ya kununua, mbele ya karani, bila ugomvi.

Wapo wanaosema suluhisho ni sabuni. Sabuni ya mwani ni kitu kizuri, na vikundi vya Bweleo na Paje vimeonyesha kwamba inawezekana. Lakini tuwe wakweli kuhusu uzito. Kipande cha sabuni cha gramu 100 kikitiwa gramu 5 za unga wa mwani kimetiwa vya kutosha. Ukizidisha sana kinakwaruza na kupasuka. Tani moja ya mwani mkavu inahitaji vipande 200,000. Kilichobaki ndani ya sabuni ni mafuta ya nazi na magadi makali, na mafuta ya nazi ndiyo yenye gharama. Ongeza kipimo cha viwango, lebo, na wiki 4 hadi 6 za kuacha sabuni ikomae kabla ya kuuzwa. Sabuni inaweza kuinua wanawake 15 wa kikundi, na inafaa isaidiwe, lakini haiwezi kumeza mavuno ya kijiji. Kisingizio cha "ongezeni thamani" kisitumike kukwepa suala la bei ya mwani ghafi.

Lililobaki ni kotonii, aina nyingine ya mwani, na hili linanitia wasiwasi kuliko yote. Kotonii hulipwa mara mbili ya spinosamu au zaidi, kwa sababu karajinani yake hugandisha kwa ugumu unaotakiwa viwandani. Tangu mwanzoni mwa miaka ya 2000 imekuwa ikifa kwenye mashamba ya maji madogo, yaani ya kina kifupi. Kaskazi, hasa Januari hadi Machi, maji yaliyobaki ndani ya mwamba hupata moto, matawi yanakuwa meupe kama barafu na kukatika, nyuzi za uchafu zinaufunika mwani na kuwawasha watu ngozi, na samaki aina ya tasi wanamalizia kilichobaki. Unguja wengi wamebaki na spinosamu, ambayo ni ngumu zaidi kufa lakini ni ya bei ya chini. Watafiti wa Taasisi ya Sayansi za Bahari, Dk. Flower Msuya akiwa mstari wa mbele, wamefanyia kazi njia ya kuihamishia kotonii kwenye maji makubwa zaidi na ya baridi, kwa kamba zinazoelea na nyavu za bomba ambazo mbegu hutiwa ndani bila kufungwa moja moja. Nyavu hizo zinaondoa mafundo yale 20, na mwani haukatiki ovyo kwa wimbi.

Lakini maji ya mita 3 au 4 hayatembelewi kwa miguu. Yanataka boti na mtu anayejua kuogelea. Boti nyingi ni za wanaume, na wasichana wengi wa pwani yetu hawakufundishwa kuogelea ingawa wamezaliwa hatua 50 kutoka baharini. Mwani ndio uliowapa wanawake wa vijiji hivi pesa ya mkononi isiyopitia kwa mtu. Ndiyo iliyoezeka mabati na kununua sare za shule. Mwani wa bei nzuri ukihamia kwenye kina bila wao, watabaki kuajiriwa kufungua na kuanika kwa ujira wa siku, kwenye zao walilolishikilia tangu 1989.

Kwa hiyo mradi wowote wa kotonii ya maji makubwa chini ya uchumi wa buluu upimwe kwa vitu vinavyohesabika. Mafunzo ya kuogelea kwa wanawake, yakiendeshwa na walimu wanawake, katika mavazi ya heshima yasiyolowana na kuwa mzigo, yafanyike kabla ya kamba ya kwanza kuwekwa. Maboya ya kuokolea yawepo kwa kila anayepanda. Wanawake wawili angalau katika kila kikundi wajifunze kushika usukani na kutengeneza mashine, ili bamvua isipotee kwa kumsubiri nahodha aliyekwenda kuvua. Na boti inayotolewa kwa kikundi isajiliwe kwa jina la kikundi hicho cha wanawake, wala isiwe kwa jina la mume wa mwenyekiti.

Mdau wa mwani,
Kusini Unguja